Mzuka Mwenye Huzuni: Mwongozo Kamili wa Kumjenga na Kumwendesha Mezani

Katika michezo ya mezani ya kuigiza wahusika, mzuka ni kiumbe rahisi kumtumia, lakini ni vigumu kumfanya akumbukwe. Mwendesha mchezo anafungua orodha ya viumbe, anakuta namba zote zimeshapangwa, anamtumbukiza ndani ya jumba bovu. Wachezaji wanachomoa mapanga, nusu saa inapita, mzuka ametoweka na hakuna aliyejua alikuwa nani wala alikuwa analilia nini. Hapa tunaeleza namna ya kumjenga mzuka ambaye wachezaji watahangaika kumpumzisha, kuanzia desturi za mazishi za ulimwengu wako hadi namba za vita na mambo yanayoharibika kikao kikiwa kinaendelea.

Karibu namba zote tunazotumia ni za Dungeons & Dragons, kanuni huria toleo la 5.1. Kama meza yako inatumia kanuni mpya zaidi, soma upya karatasi ya mzuka (ghost), yaani maelezo na namba zake, kabla ya kuanza, maana baadhi ya uwezo wake umebadilishwa. Tumelenga wahusika wanne wa ngazi ya 3 au 4, na kikao cha saa tatu hivi.

Anza na mazishi

Mfu asiyetulia ni mtu ambaye shughuli yake haikuisha. Kwa hiyo kabla hujamchora yeye, chora shughuli yenyewe: watu wa ulimwengu wako wanazikana vipi? Andika majibu ya sentensi moja moja. Nani anaosha maiti? Mwili unalala wapi usiku wa kwanza? Matanga yanakaa siku ngapi, na nani mwenye haki ya kuyaanua? Ni neno gani au kitendo gani kinachowaambia watu wote kwamba sasa warudi kazini?

Msomaji aliyekulia kwenye matanga, hitima na arobaini hahitaji kufundishwa kwamba msiba una ratiba, una watu wenye zamu zao, na una siku ya kufungwa. Huo ni mtaji mkubwa, utumie. Azima mpangilio, lakini usiazime dua, sala wala aya za dini yoyote iliyo hai. Mchezaji akisikia maneno yaliyosomwa kaburini kwa baba yake yanatumika kufukuzia zimwi, kikao kimekwisha. Tunga maneno mapya, mafupi, yanayoweza kushikwa kichwani baada ya kusikika mara moja.

Kisha vunja kipande kimoja cha desturi hiyo. Kipande utakachovunja ndicho kitakachokuambia ni kiumbe gani kinafaa. Mwili usipopatikana, unapata mzuka anayetafuta. Mtu akizikwa bila jina, unapata kivuli (shadow): kinga 12 (namba ambayo shambulio lazima liifikie ili limpate), uhai 16 (madhara anayoweza kupokea kabla ya kuanguka), kiwango cha ugumu nusu, na kila pigo lake linapunguza nguvu za mhusika kwa dadu moja ya pande 4. Mtu akiibwa kaburini afanyishwe kazi, unapata msukule (zombie): kinga 8, uhai 22, kiwango cha ugumu robo. Msukule akipigwa hadi uhai ukafika sifuri, anarusha dadu ya pande 20 ya kujinusuru, anaongeza nyongeza yake ya ustahimilivu, na inabidi afikie 5 pamoja na madhara aliyopata. Akifaulu anasimama tena na uhai 1, isipokuwa pigo liwe la nuru takatifu au pigo kamili la 20. Kanuni hiyo ina uchungu wake ukiisimulia vizuri, kwamba kuna mtu amemkataza huyu kulala, lakini msukule hasemi. Huzuni yake inabebwa na ndugu anayemtambua. Kwa mzuka wa kwanza kumtengeneza, chagua anayeweza kuzungumza.

Mfano tutakaoufuata hadi mwisho ni huu. Kuna mji wa mpakani wenye ukuta, na makaburi yako nje ya ukuta. Mtu akifa, mlinzi wa lango anaita jina lake mara tatu, na ndugu mmoja anajibu kwa sauti: "Ametoka." Hapo ndipo jeneza linapita. Ambaye hakuitwa bado anahesabiwa yumo ndani. Usiku mmoja mji ulizingirwa na mlinzi akaamriwa afunge lango huku watu wengine wakiwa bado nje wanagonga. Alifunga. Kabla ya alfajiri alikufa kwa mshale, na watu wenye hasira wakamfukia chini ya ukuta. Hakuna aliyeita jina lake.

Deni moja, safu tatu

Andika deni la mzuka kwa sentensi moja. Likihitaji sentensi mbili, una mizuka wawili; mmoja mwache kwa kikao kingine. La mlinzi wetu: alilifunga lango kwa amri, na anaamini binti yake alibaki nje.

Chini ya sentensi hiyo weka safu tatu. Ya kwanza ni anachokisema: "Siwezi kufungua mpaka niambiwe wamebaki wangapi." Ya pili ni anachokiamini: mtoto wake alikuwa miongoni mwa wale waliokuwa wakigonga. Ya tatu ni kilichotokea kweli: binti na watoto wengine wawili walipenya kupitia mtaro wa maji chini ya ukuta, akakua, akaolewa, akazeeka, akafa miaka minne iliyopita akiwa na wajukuu. Pengo kati ya safu ya pili na ya tatu ndilo linalowapa wachezaji kazi. Mzuka ambaye anachokiamini ni kweli tupu, kwamba mtoto alikufa mlangoni, anawaacha wachezaji wakiwa hawana la kufanya zaidi ya kumwonea huruma, na huruma isiyo na kazi inachosha baada ya dakika kumi.

Sasa jiulize maswali mawili ambayo wachezaji wako wazuri watayauliza kabla yako. Kwa nini leo? Na kwa nini hakuna aliyewahi kumwambia? Hapa ndipo visa vingi vya mizuka vinapovuja. Kama binti aliishi miaka sitini mjini, kwa nini hakwenda langoni kuzungumza na baba yake? Jibu letu: asubuhi ya pili lango lilizibwa kwa matofali, na mlinzi akalala pamoja nalo. Mwezi uliopita wafanyabiashara waliamuru matofali yabomolewe ili msafara upite. Fundi wa kwanza alipotoa tofali la mwisho, kuna sauti iliyomuuliza wamebaki wangapi. Kwa hiyo binti alikufa bila kujua, na mzuka ameamka kwenye mji asioujua. Jibu lolote linafaa mradi lipo kabla ya kikao.

Dalili: tatu kwa kila ukweli

Kuna mambo mawili ambayo wachezaji lazima wayagundue: kwamba binti alipona, na kwamba jina la mlinzi halikuitwa. Kwa kila moja panda dalili tatu mahali tofauti. Moja wataipita, nyingine wataielewa vibaya, ya tatu itafanya kazi. Ukiweka moja tu na wakaikosa, utalazimika kuwaambia mwenyewe, na utamu wote unakwisha.

Kwa binti: ndani ya mtaro kuna michoro ya mkaa ya watoto watatu wameshikana mikono, juu kidogo ya usawa wa maji, kwenye daftari la mgao wa maji la wiki ile kuna mstari "mtoto wa lango, kibaba kimoja", na mjukuu, mwanamke muuza vitunguu, anavaa bangili ya shaba yenye alama ileile iliyo kwenye ufunguo wa lango. Kwa jina: upande wa ndani wa lango kuna majina yaliyochongwa ya walioitwa, na mwisho wa safu pana nafasi tupu iliyosawazishwa kwa patasi, bibi mmoja mwombolezaji anajua kila jina la mtaa huo isipokuwa moja, na anaona haya akiulizwa, na mzuka mwenyewe akiulizwa jina anajibu cheo. Cheo tu, kila mara.

Zingatia kwamba dalili hizo ni vitu vya kushikwa, kusomwa au kusikika. Hakuna hata moja inayohitaji dadu ili ipatikane. Dadu zitumike kujua wachezaji wanaelewa kwa kina gani: aliyepata 15 kwenye kuchunguza mtaro anaona kwamba mchoro wa tatu una bangili mkononi.

Sauti kabla ya umbo

Wafu wenye huzuni wanaojulikana sana duniani wanatambulika kwa masikio. La Llorona wa Meksiko anasikika akiwalilia watoto wake kando ya mito. Banshee wa Ireland hulia nje ya nyumba ya ukoo ambao mtu wake yu karibu kufa. Hakuna anayehitaji kuwaona ili nywele zimsimame. Fuata njia hiyo: sauti kwanza, kisha athari, na umbo liwe la mwisho.

Kwa mlinzi wetu, sauti ni kugonga. Kugonga kunatoka upande wa nje wa lango, mara tatu, kimya, mara tatu. Gonga meza kweli kwa vidole viwili na usieleze chochote. Athari ni komeo la lango: lina baridi, na lina alama za vidole vilivyong'ang'ania chuma hadi kikabonyea. Umbo lije wahusika wakiwa ndani ya futi 60, kwa sababu mzuka huona futi 60 kutoka ulimwengu wa roho kuja huu wetu. Maana yake alikuwa akiwaangalia tangu walipokaribia, na ukilisema hilo baadaye ("wewe mwenye kofia nyekundu, umesimama pale muda mrefu") litawatetemesha kuliko jino lolote.

Kuhusu umbo lenyewe, sema vitu viwili tu. Mkono mmoja umeshika komeo. Uso umegeukia mbao za lango, sikio limebanwa hapo. Basi. Wachezaji watajaza mengine, na watayajaza vizuri zaidi ya aya nzima ya madonda na macho mekundu.

Namna ya kumsemesha

Hii ndiyo sehemu ya kufanyia mazoezi, peke yako, kwa sauti, hata dakika kumi.

Kanuni ya kwanza: mzuka anasema kwa -na-, kamwe si kwa -li-. Usiku ule haujaisha kwake. "Mvua inanyesha. Wanagonga. Nahodha anasema nisifungue." Mchezaji akimwambia "vita vilikwisha", anajibu "vinakuja". Shikilia hilo bila kuteleza na meza itahisi kuna jambo kabla ya kujua ni nini. Kisha, ukweli unapomwingia, mpe kitenzi chake cha kwanza chenye -li-: "Walikuwa wananigongea." Usieleze. Nyamaza hesabu ya tano. Kitenzi hicho kimoja ndicho kilele cha kikao.

Kanuni ya pili: swali moja linalorudi. Lake ni "Wamebaki wangapi nje?" Anapohojiwa jambo lisilohusu deni lake, hajibu, anarudia swali. Hili linakuokoa pia, kwa sababu wachezaji watauliza habari za dunia nzima na huna haja ya kuzitunga.

Kanuni ya tatu ni salamu. Miaka sitini hakuna aliyemwamkia. Mhusika kijana akisema "shikamoo" kabla ya swali lolote, mzuka anajibu "marahaba" bila kukusudia, kama mwili unavyojibu wenyewe, na kwa mara ya kwanza anageuza uso kutoka kwenye lango. Kikanuni: aliyemwamkia anarusha dadu mbili za pande 20 na kuchukua kubwa, kwenye jaribio lake la kwanza la kumshawishi. Usiwaambie wachezaji kwamba zawadi hiyo ipo.

Mazungumzo yanaweza kwenda hivi:

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Wewe ni wa ndani au wa nje?"

"Wa ndani, mzee. Nimekuja kukupokea zamu."

"Zamu yangu haiishi. Wanagonga. Wamebaki wangapi nje?"

"Tumetazama, mzee. Hakuna mtu."

"Yupo mdogo. Nasikia anagonga chini, hafiki kwenye komeo."

Mstari wa mwisho ndio unaofungua habari ya binti. Uwe nao tayari, na uutoe mara moja tu.

Namba, na marekebisho yake

Karatasi ya mzuka katika toleo la 5.1 inasema hivi: kinga 11, uhai 45, anaelea futi 40 kwa duru, haiba 17, kiwango cha ugumu 4, thamani pointi 1,100 za uzoefu. Baridi, sumu na nguvu ya mauti havimdhuru. Moto, asidi, umeme, ngurumo na silaha za kawaida zinampata nusu. Anapita ukutani, lakini akimaliza zamu yake ndani ya kitu anaumia dadu moja ya pande 10.

Kwa wahusika wanne wa ngazi ya 4, pointi 1,100 ni pambano la wastani (kizingiti ni 1,000). Kwa wanne wa ngazi ya 3 ni pambano gumu, kwa kuwa kizingiti cha gumu ni 900 na cha kuua ni 1,600. Usimwongezee wenzake ili "kunogesha". Pepo (specter) wawili wa pointi 200 kila mmoja wanafanya jumla 1,500, na kwa kuwa viumbe ni watatu unazidisha mara mbili: 3,000, mbali sana juu ya kizingiti cha kuua cha ngazi ya 4, ambacho ni 2,000.

Angalia hesabu hii ya upanga. Askari mwenye nyongeza ya 5 kwenye shabaha anampata mzuka mara tatu kati ya nne. Upanga wa dadu ya pande 8 na nyongeza ya 3, ukigawanywa nusu na kushushwa chini, unatoa wastani wa 3.5. Kumaliza uhai 45 kwa upanga huo wa kawaida kunadai mapigo 13 hivi yanayompata, yaani majaribio 17 au 18. Vita hivyo ni virefu na havina ladha, na ni vizuri viwe hivyo: wachezaji watahisi wenyewe kwamba njia haipo hapo. Ila uwape mahali pa kusimama. Uhai ukifika 22, mzuka aache kupigana, ashike komeo, arudie swali lake. Wakiendelea kumpiga hapo, wamechagua.

Uwezo wake wa aina tatu unahitaji mkono wako.

Mguso wake una nyongeza ya 5 na hutoa wastani wa 17. Mchawi wa ngazi ya 3 mwenye nyongeza ya 1 kwenye ustahimilivu ana uhai 17. Yaani pigo moja la kawaida linamlaza. Kwa kundi la ngazi ya 3 punguza dadu nne za pande 6 ziwe tatu, wastani ushuke hadi 13 au 14, na mguso wa kwanza umwendee mwenye uhai mwingi.

Uso wake wa kutisha unawagusa wote wanaomwona ndani ya futi 60: wajinusuru kwa busara dhidi ya 13 au washikwe na hofu kwa dakika moja, na aliyeshindwa kwa 5 au zaidi anazeeka miaka 10 hadi 40. Kinachoondoa uzee huo ni uganga wa daraja la 5 ndani ya saa 24, na kuhani hafiki huko kabla ya ngazi ya 9. Mhusika wa msichana wa miaka ishirini anageuka wa sitini, mchezaji amechukia, na huzuni ya mzuka imesahaulika. Badilisha: aliyeshindwa kwa 5 au zaidi haoni uzee, anaona dakika ya mwisho ya mlinzi kutoka ndani ya macho yake. Andika maono hayo mapema kwenye kikaratasi, mistari minne, umpe asome kimya kisha awaeleze wenzake kwa maneno yake. Kila mtu ataeleza tofauti, na hiyo ni dalili ya ziada isiyokugharimu kitu.

Kupagawisha ndiko kunakoharibu meza nyingi zaidi. Mzuka akiwa ndani ya futi 5 anamwingia mtu. Mtu huyo ajinusuru kwa haiba dhidi ya 13, akishindwa anapoteza mwili wake. Mzuka hatoki mpaka mwili ufike uhai sifuri, au aamue mwenyewe, au afukuzwe kwa uwezo wa kuhani. Mchezaji anabaki ametazama dari nusu saa. Dawa yake ni rahisi: mpe mchezaji huyo mzuka amcheze. Mkabidhi kadi yenye mambo matatu, yaani anataka lango libaki limefungwa, anasema kwa -na-, hajui jina lake, na mwache azungumze. Wewe unabaki na dadu za vita tu. Mara nyingi mchezaji huyo ndiye anayekuja kumwelewa mlinzi kuliko wote.

Neno moja kuhusu kuhani. Uwezo wake wa kufukuza wafu unafika futi 30. Kuhani wa ngazi ya 3 mwenye busara 16 ana kizingiti cha 13, na mzuka ana nyongeza ya 1 tu, kwa hiyo zaidi ya nusu ya mara atafukuzika. Usimnyime kuhani ushindi wake. Mzuka akimbie, lakini akimbilie pale alipofukiwa, chini ya ukuta. Sasa wanajua kaburi lilipo. Kundi la ngazi ya 5 lina jambo jingine la kuliandalia: uganga wa kuzungumza na maiti, maswali matano. Hakikisha unajua mifupa ya nahodha aliyetoa amri iko wapi, na atajibu nini.

Ratiba ya kikao

Dakika 30 za kwanza ziwe za mji: kazi waliyopewa, mafundi waliogoma, kugonga kwa mara ya kwanza. Saa nzima ya uchunguzi, nayo iache ipumue. Mtaro, daftari, muuza vitunguu na bibi mwombolezaji vinataka muda. Dakika 20 za kukutana na mlinzi mara ya kwanza, ambazo karibu kila mara zitaishia kwa kukimbia au kwa pambano fupi. Dakika 30 za kujipanga upya. Dakika 40 zinazobaki ni za langoni. Uchunguzi ukizidi saa na robo, bibi mwombolezaji awatafute yeye.

Kumpumzisha

Dawa ya deni ni kulipa, na hapa linalipwa kwa matendo matatu. La kwanza ni kumwamkia na kumsikiliza. Baada ya hapo hashambulii tena asiposhambuliwa. La pili ni ushahidi kwamba binti alipona. Wakija na bangili au na mjukuu mwenyewe, kizingiti cha kumshawishi ni 13. Wakija na maneno matupu ni 18. Wakishindwa, asiwakatae kabisa: aseme anachohitaji, "nionyeshe mkono wake", ili wajue warudi na nini.

La tatu ni kumwita jina mara tatu langoni, na mtu wa damu yake kujibu "Ametoka". Hapa usirushe dadu. Wameshalipia tendo hili kwa kikao kizima, na dadu mbaya dakika ya mwisho inageuza msiba kuwa bahati nasibu. Mwite mchezaji mmoja aite, kwa sauti halisi, mara tatu. Mjukuu anajibu. Komeo linafunguka lenyewe.

Wakiamua kumpiga hadi mwisho, waache. Karatasi ya kanuni haisemi atarudi lini, kwa hiyo weka sheria yako na uifuate: jioni ya tatu, kugonga kunaanza tena, na safari hii kunasikika katika nyumba tatu zilizo karibu na lango. Msafara haupiti. Wana nafasi ya pili, na mji mzima unawaangalia.

Pointi 1,100 zitolewe zote kwa njia yoyote, 275 kwa kila mhusika. Ukitoa pungufu kwa waliompumzisha, umewafundisha kwamba kuua kunalipa zaidi.

Kabla hujawaalika wachezaji

Waambie wazi, siku chache kabla, kwamba kikao kinahusu mzazi aliyempoteza mtoto na mazishi yasiyokamilika. Hiyo haiharibu siri yoyote. Aliyetoka msibani karibuni anaweza kuomba apumzike wiki hiyo, na asiulizwe kwa nini. Kwa wengine misukule na mizimu si hadithi, ni imani au hofu ya kweli ya nyumbani. Zungumza nao faragha, uwaulize nini kiondolewe. Wakati wa mchezo weka kadi katikati ya meza ambayo yeyote akiigusa, tukio linarukwa bila maelezo. Kama kuna mtu analia na hajaigusa kadi, simamisha kwa upole, chai iletwe, halafu muulize yeye kama muendelee.

Ukitaka kuichapisha hadithi yako

Kanuni huria za 5.1 ziliwekwa na Wizards of the Coast, kampuni yenye mchezo huu, chini ya leseni ya Creative Commons CC BY 4.0 Januari 2023. Unaruhusiwa kunakili namba za mzuka, kuzitafsiri kwa Kiswahili, kuzibadilisha kama tulivyofanya hapa, na hata kuuza, mradi uweke maneno ya kuwatambua wenye kanuni na utaje leseni. Kilicho ndani ya kanuni hizo ni mzuka, pepo, kivuli, msukule, kiunzi cha mifupa na wenzao wachache. Karatasi ya banshee haimo, kwa hiyo ukitaka mwanamke anayelia mtoni, mjenge kutoka kwenye namba za mzuka: ondoa kupagawisha, na uso wa kutisha uufanye kilio kinachomgusa kila anayesikia ndani ya futi 30, hata aliyefumba macho. Majina ya mji, desturi ya mazishi na maneno ya langoni ni mali yako mwenyewe.